Buti Zilizokwenda Mazikoni

Saa moja na robo asubuhi muuguzi alifungua bandeji, na kidole cha mwisho cha mguu wa kulia kilikuwa cheusi. Jana yake kilikuwa cha zambarau. Binti wa mgonjwa, aliyekuwa amesimama upande wa dirisha na beseni mkononi, alikiona kabla muuguzi hajafungua kinywa. Aliliweka beseni chini polepole ili lisigonge sakafu.

"Umeona?" muuguzi alimwuliza.

"Nimeona."

"Na mimi siulizwi?" baba yake alisema kutoka kwenye mto. "Kwani mguu ni wa nani?"

Muuguzi aliosha kidonda kwa maji ya chumvi, akakiacha wazi ili daktari akikute hivyo. Harufu ilijaa upande ule wa wodi. Jirani wa kitanda cha pili, dereva mstaafu wa malori aliyevunjika nyonga, alijivutia shuka hadi puani.

"Mzee Buti," alisema ndani ya shuka, "kidole kimoja hakivunji chawa. Kiache kiende zake, sisi tupumue."

"Kikienda kitawaita wenzake."

"Wenzake wameshafunga mizigo, mzee. Hata huku nasikia harufu ya safari."

Mzee alicheka kwa pua. Binti yake hakucheka. Alikuwa ameuosha mguu ule kila jioni tangu ncha ya msumari ilipotokeza ndani ya kiatu ikamchoma unyayo, na kisukari kikakataa kidonda kifunge. Miezi minne sasa. Alikuwa amechoka kiasi kwamba akiketi alisinzia, na akilala usingizi ulimpaa.

Daktari mpasuaji alifika baada ya chai. Alikuwa mtu wa maneno machache, na hayo machache aliyasema kama anayesoma kibao cha barabarani. Alibonyeza mguu kutoka vidoleni kupanda juu, akafika mahali uvimbe ulipoishia, akachora mstari wa wino kwenye ngozi. Chini ya mstari ule, upana wa vidole vitatu, ulikuwapo mstari mwingine aliouchora jana.

"Mstari wa jana huu. Wa leo huu," alisema. "Leo au kesho asubuhi naweza kukata chini ya goti. Ukichelewa, nitakata juu ya goti. Ukichelewa zaidi, sitakuwa na cha kukata."

"Basi usikate," mzee alisema.

"Mzee wangu, sumu ikishaingia kwenye damu hazipiti siku nyingi."

"Nimesikia, daktari. Nimeoza mguu, sijaoza masikio."

Daktari alimtazama binti, binti akatazama mistari miwili. Kule koridoni daktari alimwambia mambo yalivyo: mgonjwa ana akili timamu, na mtu mwenye akili timamu akisema hapana, kisu hakimgusi. Kesho asubuhi nafasi ya kwanza kwenye chumba cha upasuaji ni yake. Baada ya hapo daktari hakuahidi kitu.

"Kwa nini anakataa?" aliuliza. "Anaogopa?"

"Hapana. Mguu wake uko kwenye filamu."

Daktari alingoja maelezo zaidi. Yalikuwa marefu, naye binti hakuwa na nguvu ya kuyaanza.

Maelezo yenyewe ni haya. Mzee alipokuwa na miaka ishirini na miwili aliigiza katika filamu iliyoitwa *Ng'ambo Hakuna Mtu*. Kikosi cha askari kinaamriwa kuvuka mto kuchoma kijiji. Njiani, askari mmoja kijana anaketi katikati ya barabara mvua ikinyesha, anafungua kamba za buti zake, anazivua, anaziweka sambamba kama mtu anayeingia chumbani kwake kulala, kisha anageuka na kurudi alikotoka. Hasemi neno. Kamera inashuka chini na kubaki na miguu mitupu ikikanyaga tope, hadi filamu inakwisha. Wakubwa waliipiga marufuku miaka minne, na marufuku ikaipa umaarufu ambao isingeupata kwa pesa. Michoro ya miguu ile ilitokea kwenye kuta, kwenye fulana, kwenye mabango ya watu waliochoka na vita.

Askari yule kijana hakupata tena nafasi ya maana. Aliigiza bawabu mara moja, maiti mara moja, kisha simu ikanyamaza. Akaajiriwa kusoma mita za maji, akazisoma miaka thelathini, nyumba hadi nyumba, kwa miguu ileile. Wenye nyumba waliomtambua walimfungulia geti bila kuuliza kitambulisho. "Karibu, Buti," walimwambia, na jina likamkaa kama kovu.

Kila mwaka, siku ya kumbukumbu ya filamu, walimwita ukumbini. Alipanda jukwaani na buti, akaketi, akazivua mbele ya watu, akasimulia. Binti alikuwa ameisikia simulizi ile mara nyingi kuliko sala. Buti zilikuwa zinabana. Tope lilikuwa baridi kama chuma, likipenya kati ya vidole. Alikuwa akitetemeka, na mwongozaji hakumwambia atetemeke. Hapo ukumbi ulinyamaza, kisha ukapiga makofi.

"Wengine wameacha majumba," alikuwa amemwambia binti yake wiki iliyopita. "Wengine wameacha vitabu. Mimi wakiulizwa watu niliacha nini, watasema miguu. Sasa unataka nizikwe na mmoja?"

"Nataka usizikwe kwanza, Baba."

"Kuzikwa nitazikwa tu, mama. Hilo halina rufaa."

Binti aliuza viatu katika kibanda kilichoegemea ukuta wa soko. Majirani zake walimwita Namba, kwa sababu mteja akisimama mlangoni yeye alimtazama miguu, si uso, na kutaja namba ya kiatu kabla hajasalimiwa. Ilikuwa nadra kukosea. Mchana ule alifungua kibanda kwa sababu kukifunga hakukumsaidia mgonjwa. Alikuwa na wazo moja, na ndilo pekee lililobaki: ile filamu ilikuwa imesafishwa.

Mwanamke wa hifadhi ya filamu alikuwa amempigia simu mwezi uliopita, sauti imejaa furaha. Nakala ya zamani ilikuwa imechubuka kwa kuonyeshwa mno; kipande cha mwisho, kile cha miguu, kilikuwa kama kinanyeshewa makaa. Wameipata nyingine, wameisafisha picha baada ya picha, itaonyeshwa mwaka huu. Je, mzee atakuja na buti? Namba alijibu kwamba mzee ni mgonjwa. Leo alimwandikia ujumbe akiomba kipande cha mwisho. Hesabu yake ilikuwa rahisi. Angemwonyesha baba yake miguu ikiwa safi, inaonekana hadi ukucha, na kumwambia: huu hapa umeshahifadhiwa, Baba, hauozi, huu mwingine mwachie daktari.

Kipande kilifika saa tisa. Alikitazama kwenye simu, ameketi juu ya boksi la ndala, mgongo umeegemea ukuta.

Baba yake alikuwa kijana, mashavu makavu, maji yakimchuruzika kidevuni. Aliketi barabarani. Alifungua kamba. Alivuta buti ya kwanza, akavuta ya pili. Alikuwa mzuri, Namba alikubali. Hakujua kwamba alikuwa mzuri kiasi kile. Kisha ikaja miguu.

Aliitazama kama alivyotazama miguu yote, bila kukusudia. Namba arobaini, alijisemea. Halafu akashtuka, kwa sababu baba yake alivaa arobaini na mbili.

Alirudisha nyuma, akaisimamisha picha. Baba yake kidole cha pili kilizidi kidole gumba kwa punje nzima ya mahindi; ndiyo maana kila mwaka alimtafutia buti zenye nafasi mbele, na ndiyo maana ukucha wa kidole kile ulikuwa umekufa zamani. Miguu ya kwenye filamu vidole vyake vilishuka kuanzia gumba hadi cha mwisho, ngazi kwa ngazi, bila kimoja kumpita mwenzake. Ilikuwa miembamba na kisigino kidogo. Miguu mizuri, rahisi kuuzia kiatu. Haikuwa ya baba yake.

Mteja alisimama mlangoni akiulizia raba nyeupe. Namba alimtajia namba, akamtajia bei, na baadaye hakukumbuka kama alimuuzia.

Jioni alipofika nyumbani, shangazi yake, dada wa pekee wa baba yake, alikuwa sebuleni akipiga pasi mashuka ya mgonjwa. Alizipiga pasi hata kona ambazo hakuna mtu angeziona. Namba alimwekea simu mbele.

"Shangazi, tazama miguu hiyo."

"Niitazame ya nini? Sinema yenyewe sijaiona hata siku moja. Kaka yangu nimemwona akivua viatu bure maisha yangu yote, nikalipe kiingilio?" Hata hivyo aliweka pasi wima, akavaa miwani. "Hiyo ya nani?"

"Inasemekana ya Baba."

"Thubutu! Baba yako vidole vimekaa kama jino la mbele limeota juu ya jingine. Huyu amekaa vizuri." Alimrudishia simu. Kisha akamtazama tena. "Mbona umekaa hivyo?"

Namba alimweleza. Shangazi alisikiliza hadi mwisho, akazima pasi.

"Walipopiga picha hizi Baba alikuwa wapi?" Namba aliuliza. "Aliondoka kwenye kambi ya filamu wakati wowote?"

"Aliondoka. Mama yetu alipofariki." Shangazi alikunja shuka mara mbili kabla ya kuendelea. "Alifika asubuhi ya mazishi, mvua inanyesha, amevaa buti za jeshi. Viatu vyake watu wa sinema walikuwa wamevifungia stoo na mwenye ufunguo hayupo. Mjomba wetu alivyomwona! Akamkaba kola pale pale penye jeneza: 'Mama yako hajapoa, wewe umeshaingia jeshini?' Akajieleza kwamba ni za sinema. Mjomba akasema, za sinema, za vita, dada yangu hazikwi na viatu vya kuulia watu. Vua! Akavua."

"Pale kaburini?"

"Pale kaburini. Akaziweka pembeni, akaingia kwenye tope miguu mitupu kumpokea mama. Alitetemeka yule, mwanangu, meno yanagongana, hadi mjomba mwenyewe akajuta. Alikaa siku tatu kisha akarudi kazini kwake."

Pasi ililia kidogo ikipoa.

"Nimwambie?" Namba aliuliza. "Nikimwambia nitakuwa nimemnyang'anya kitu pekee alichonacho. Nisipomwambia atakufa nacho."

"Unaniuliza mimi? Mimi nitakwambia mwambie, halafu wewe ndiye utakayekuwa pale akigeukia ukutani." Shangazi aliyapanga mashuka ndani ya mfuko. "Ila usimtengenezee maneno. Kaka yangu amefanya kazi na watu wa kutengeneza. Mpe simu, atazame mwenyewe."

Asubuhi iliyofuata mstari wa daktari ulikuwa umepitwa tena, upana wa vidole viwili. Paji la uso la mzee lilikuwa la moto, na macho yamelainika kwa homa. Muuguzi alikuwa ameacha karatasi ya ridhaa juu ya kabati, kalamu imelala juu yake. Daktari alikuwa mwisho wa wodi, kwa mgonjwa mwingine, na kila baada ya muda alitazama upande wao.

Namba alimwinua baba yake kwa mito miwili, akampa simu.

"Ni kile kipande cha mwisho," alisema. "Wamekisafisha."

"Wamekisafisha, wakaacha kunisafisha mimi," alisema mzee, lakini aliipokea kwa mikono miwili.

Alitazama. Dereva wa malori naye alijiinua kwa kiwiko, akanyoosha shingo. "Huyo ni wewe, Mzee Buti? Ulikuwa kijana wa kuolewa, wewe! Nini kilitokea?"

"Mita za maji," mzee alisema bila kuondoa macho.

Miguu ilifika. Ilipita hadi mwisho na kioo kikawa cheusi. Mzee alimrudishia binti yake simu.

"Rudisha pale."

Alirudisha.

"Simamisha."

Alisimamisha. Mzee alifunua shuka upande wa kushoto, akautoa mguu wake mzima, akautazama; akatazama simu; akautazama tena mguu. Alifanya hivyo bila haraka, kama alivyokuwa akisoma mita mbovu, mara mbili kabla ya kuandika. Dereva alifungua kinywa kusema kitu, akaona uso wa Namba, akajilaza.

"Si wangu," mzee alisema.

"Ndiyo, Baba. Si wako."

"Umejua lini?"

"Jana mchana."

"Ni wa nani?"

"Sijui. Watu wa hifadhi nao hawajui kama kuna la kujua."

Mzee alifumba macho. Sauti ilipotoka ilikuwa ya chini na ya mpangilio.

"Tulipiga kipande cha kukaa na kuvua. Kesho yake tulitakiwa tupige cha kutembea. Usiku ikaja habari ya mama. Niliporudi, mwongozaji akaniambia, 'Mvua ilikuwa inakaribia kukatika, tumemaliza.' Nikadhani wamenihurumia, wamekifuta. Baadaye nikakiona kwenye filamu, giza, mikwaruzo. Nikasema, kumbe tulikipiga. Mtu akiambiwa na ukumbi mzima kwamba miguu ni yake, atabishana nao?"

"Hapana."

"Lakini tope nalikumbuka, mama. Lilikuwa baridi. Hilo sikulitunga."

"Hukulitunga. Shangazi ameniambia. Mjomba wenu alikuvua buti penye kaburi la bibi."

Mzee alifumbua macho. Alitazama dari, pale rangi ilipobambuka, muda mrefu kiasi kwamba daktari alimaliza na mgonjwa wake na kuanza kuja upande wao.

"Alinikaba kola," mzee alisema. "Ndiyo. Alinikaba kola, yule."

"Uso ni wako, Baba. Kukaa ni kwako, kuvua ni kwako. Nimekutazama. Hakuna mtu mwingine pale."

"Uso hakuna aliyeomba kuukata." Alijaribu kucheka, kikatoka kikohozi. "Miaka hamsini nimemtunzia mtu miguu yake. Naye pengine yuko mahali, anaikanyagia tu, hajui hata kama ni maarufu."

"Mwambie akuletee kodi," dereva alisema kutoka kitanda cha pili, kwa upole.

Daktari alikuwa amefika. Alisimama mwisho wa kitanda, akatazama mguu wa kushoto uliokuwa nje ya shuka, akatazama wa kulia.

"Daktari," mzee alisema, "chini ya goti bado inawezekana?"

"Sasa hivi inawezekana. Mchana sijui."

"Ukikata, unaupeleka wapi?"

"Familia ikitaka, wanapewa wauzike. Wasipotaka, hospitali ina utaratibu wake."

Mzee alimgeukia binti yake. "Mwambie shangazi yako autafutie nafasi kaburini kwa mama yetu. Usiwe mwisho mwisho kule, kwenye majani. Pale upande wa miguu yake panatosha." Kisha akanyoosha mkono juu ya kabati. "Kalamu. Nimechoka, mama. Nipe kalamu kabla sijaanza kufikiri."

Alitia sahihi. Muuguzi alisukuma kitanda chake hadi milango miwili ya chumba cha upasuaji, Namba akitembea ubavuni, ameshika kona ya shuka. Penye mstari mwekundu sakafuni aliambiwa asimame, akasimama.

Saa nne simu ililia. Mwanamke wa hifadhi alitaka kujua kama kipande kimefika salama, na kama mzee atakuja siku ya maonyesho. Namba alimwambia kipande kimefika. Kuhusu miguu hakusema kitu. Hilo si lake kulisema. Kuhusu kuja, alisema atamwuliza mwenyewe akiamka.

"Na buti?" mwanamke aliuliza.

"Akija atakuja na moja."

Namba aliaga, akakata simu.

Saa tano kasoro daktari alitoka, barakoa imeshushwa kidevuni, akamwambia kwamba mguu umekatwa chini ya goti na damu imezuiwa. Nyuma yake muuguzi alibeba mfuko mweusi uliofungwa vizuri, pamoja na karatasi ya kupokelea. Shangazi, aliyekuwa ameketi kwenye benchi tangu saa tatu, aliinuka, akafunga kanga yake kiunoni, akasema kwamba huo ataupokea yeye. Hakukubali kusaidiwa.

Saa saba mchana mzee alifumbua macho. Alitazama shuka, upande wa kulia pale liliposhuka ghafla na kuwa bapa, akautazama uso wa binti yake, akaomba maji. Alikunywa nusu glasi.